Ahadi ya Baldev, maisha ya Simran: uchambuzi wa kisa cha Dilwale Dulhania Le Jayenge

Katika Dilwale Dulhania Le Jayenge kuna dakika chache ambazo, kwa maoni yangu, ndizo zinazobeba filamu nzima yenye urefu wa zaidi ya saa 3. Lajwanti, ambaye nyumbani wanamwita Lajjo, anamkuta binti yake Simran yuko na kijana Raj wakati maandalizi ya harusi yamepamba moto, na bwana harusi si Raj. Hapigi kelele wala hamwiti mumewe. Anachukua vito vyake, anamkabidhi Raj na kumwambia amchukue Simran waende zao mbali; yatakayotokea nyuma yao atayakabili yeye. Raj anakataa. Anamrudishia vito na kumsimulia maneno ya marehemu mama yake: kwamba kila njia panda ya maisha ina njia mbili, ya haki na isiyo ya haki, na ile isiyo ya haki ndiyo rahisi.

Jibu hilo limemjengea Raj heshima kwa miaka 30 sasa. Wazazi walilipenda, vijana walilipenda, na ndilo lililoifanya filamu hii itazamwe na ukoo mzima sebuleni bila mtu kuona haya. Mimi nalipenda pia. Lakini kila ninapoitazama upya, moyo wangu unabaki kwa Lajjo na vito alivyorudishiwa. Katika nyumba ile yeye ndiye mtu mzima pekee aliyekuwa tayari kutoa mali yake na kuhatarisha ndoa yake ili Simran awe huru, naye akaambiwa asante, hapana. Ningependa tukiangalie kisa hiki kwa kuanzia hapo: nani alikuwa na deni, alidaiwa na nani, na nani alitakiwa alilipe.

Filamu yenyewe, ya Kihindi, ilitoka tarehe 20 Oktoba 1995. Ilikuwa ya kwanza kuongozwa na Aditya Chopra, kijana wa miaka ya ishirini, chini ya kampuni ya baba yake Yash Chopra. Shah Rukh Khan ni Raj, Kajol ni Simran, muziki ni wa Jatin na Lalit, mashairi ya Anand Bakshi. Ukumbi wa Maratha Mandir mjini Mumbai uliionyesha mfululizo hadi ukafikisha wiki 1,000 mwezi Desemba 2014. Umaarufu wa namna hiyo hauletwi na nyimbo peke yake. Watu walikuwa wanarudi kuangalia jambo linalowahusu.

Deni lilivyoanza

Baldev Singh ni Mpunjabi mwenye duka London. Tunamkuta alfajiri Trafalgar Square akiwalisha njiwa, akisema moyoni kwamba miaka yote hii ardhi ile imebaki ugenini, na kwamba wanaomjua pale ni njiwa tu, ambao nao kama yeye huenda panapopatikana punje. Siku moja atarudi Punjab, kwao India. Ndoto hiyo imeahirishwa kwa zaidi ya miaka 20, na kwa kuwa yeye hajarudi, ameifanya nyumba yake iwe Punjab. Mke, Simran na mdogo wake Chutki wanaishi ndani ya mpaka aliouchora. Akiwa nje wanacheza muziki wanaoutaka. Akirudi, muziki unabadilika.

Inafika barua ya Ajit, rafiki yake wa ujanani. Simran akiwa bado mtoto, wanaume hawa wawili walikubaliana kwamba atakuwa mke wa Kuljeet, mwana wa Ajit, na sasa Ajit anakumbushia. Baldev anafurahi hata anampa Simran mwenyewe aisome kwa sauti. Simran anasoma, sauti inamkauka, anaondoka. Baba anamtazama akienda na kumwambia mkewe kwamba binti ameona haya, kwamba huo ndio utamaduni wao, na kwamba yeye Baldev hajashindwa: katikati ya London ameiweka India hai.

Msichana ameumia, baba ameona adabu. Sijui tukio jingine katika filamu za Kihindi linaloonyesha kwa uchache wa maneno kiasi hicho jinsi mzazi anavyoweza kumtazama mtoto wake machoni asimwone. Na Baldev hana roho mbaya. Anayemwigiza ni Amrish Puri, ambaye mwaka 1987 watazamaji walimtetemekea alipokuwa Mogambo, adui wa Mr. India. Sauti ile ile nzito hapa amepewa mtu anayewapenda binti zake kwa dhati. Angekuwa katili, kazi yetu ingekuwa nyepesi: adui anapigwa, stelingi anaoa, tunakwenda kulala.

Sisi Waswahili tumekua tukiambiwa ahadi ni deni, na Baldev angeikubali methali hiyo bila kusita. Heshima yake yote imesimama juu ya neno lake. Amepoteza nchi na majirani, amezeeka nyuma ya kaunta katika mji usiomjua jina, na neno alilompa Ajit ni kitu kimoja kilichobaki kizima kutoka kwenye maisha aliyoyaacha. Ndiyo maana halioni kama jambo la Simran. Kwake ni jambo la yeye na Punjab. Lakini deni hulipwa kwa mali ya mdaiwa. Mtu akiahidi kutoa shamba la jirani, jirani hafungwi na ahadi hiyo. Aliyeahidi ndiye anayefungwa, na kinachompasa ni kwenda kuomba msamaha kwamba ameahidi kisicho chake. Katika filamu nzima hakuna anayemwambia Baldev hivyo.

Simran anakubali. Kabla ya kuozwa anaomba jambo moja: mwezi wa kusafiri Ulaya na rafiki zake, mwezi mmoja wa maisha yake, kisha atakwenda kuolewa na mtu asiyewahi kumwona. Anaiomba ruhusa hiyo baada ya dua ya alfajiri ya kumlainisha baba, kwa unyenyekevu wa mtu anayeomba sadaka, na baba anapokubali anashukuru kama aliyepewa zawadi kubwa. Mwezi huo ndio anakutana na Raj, mtoto wa tajiri, mtani, aliyefeli chuo na kupongezwa na baba yake. Mapenzi yao kwenye treni na milima ya Uswisi yanajulikana na kila mtu, sina haja ya kuyarudia. Ninachotaka kikumbukwe ni kwamba Simran hakwenda Ulaya kutafuta mchumba. Alikwenda kuaga.

Ukweli uliposikika mara moja

Aliporudi alimwambia mama yake kila kitu, na Baldev akasikia. Watu wengi hulipita tukio hili haraka wanapojadili kama Raj na Simran wangesema ukweli tangu mwanzo. Ukweli ulikwishasemwa. Baldev aliusikia kwa sauti ya binti yake mwenyewe, na jibu lake likawa kuhama: familia nzima iondoke London irudi Punjab mara moja, harusi ifungwe. Ndoto aliyoiahirisha kwa miaka zaidi ya 20 kwa sababu ya riziki aliitimiza kwa hasira ya usiku mmoja. Nyumba nzima ilijifunza hapo kwamba kusema ukweli mbele ya Baldev kuna bei, na tangu siku hiyo kila mtu anamzunguka.

Huko Punjab, kabla Raj hajafika, Lajjo anazungumza na Simran. Anaanza na utoto wake: babu yake alikuwa akimwambia kwamba hakuna tofauti kati ya mwanamume na mwanamke. Alipokua akajua kwamba si kweli. Masomo yake yalikatishwa ili kaka zake wasome. Akajitoa akiwa binti, akajitoa akiwa dada, akajitoa akiwa mke. Simran alipozaliwa aliapa kwamba huyu hatapitia hayo. Kisha anasema alisahau jambo moja: mwanamke hana haki hata ya kuapa. Wanawake huzaliwa wajitoe kwa ajili ya wanaume. Wanaume hawajitoi kwa ajili yao. Na baada ya kuyasema yote hayo, anamwomba Simran amsahau Raj.

Farida Jalal anayasema bila kupandisha sauti. Alipata tuzo ya Filmfare, tuzo za filamu za India, ya mwigizaji bora msaidizi wa kike, moja kati ya tuzo 10 ambazo filamu hii ilitwaa, na kama ningekuwa mimi ningempa kwa tukio hili tu. Kinachoniumiza ni kwamba hotuba inayoulaani mzigo huo inaishia kwa kuuhamisha: mama anakiri kwamba alichofanyiwa si haki, halafu anamwomba binti yake akubali kufanyiwa vilevile, kwa sababu haoni mlango mwingine. Mapema kabisa alikwishamwambia Simran aote ndoto, lakini asiweke sharti kwamba zitimie. Hiyo ndiyo busara aliyojipatia yeye kwa maumivu, na ndiyo mahari pekee aliyokuwa nayo ya kumrithisha.

Kwa hiyo anapoleta vito baadaye, amevuka mto mkubwa. Mwanamke aliyesema kwamba hana haki ya kuapa ameamua kukitimiza kiapo. Vito kwa mwanamke wa hali yake ndiyo akiba, ndiyo mali inayohesabiwa kuwa yake. Anavitoa vyote, anatoa na usalama wake ndani ya ndoa, na anavitoa akijua fika mumewe ni nani.

Sasa tupime njia zilizokuwepo. Simran akitii na kuolewa na Kuljeet, gharama inamwangukia yeye, maisha mazima. Akitoroka na Raj, gharama inamwangukia Lajjo, anayebaki ndani ya nyumba na mume aliyeaibishwa mbele ya ukoo, na baada yake Chutki, ambaye mwezi wake mmoja wa uhuru hatauona kamwe. Hii ndiyo sababu ambayo ingenitosha mimi kukubali kwamba Raj alikuwa sahihi kukataa. Lakini Raj haitaji sababu hiyo. Sababu anayoitoa ni njia ya haki, mama yake marehemu, na kwamba hataki kumpata Simran kwa kujificha. Mashambani, katikati ya haradali, alikwishamwambia Simran kwamba atamchukua siku ile tu baba yake mwenyewe atakapouweka mkono wake katika mkono wa Raj. Uamuzi ni mzuri, ila mantiki yake inamtazama Baldev peke yake. Anayetakiwa kuridhika ni baba. Mama amekwisha kuridhia, tena kwa vitendo, na radhi yake haikutosha.

Nasema hivi nikijua uzito wa radhi. Huku Pwani, ambako filamu za Kihindi zimependwa kwa vizazi na watu wasiojua Kihindi, hakuna aliyehitaji kufafanuliwa kwa nini kijana anakataa kumtorosha binti wa watu. Ndoa isiyo na radhi ya wazazi tunaiogopa. Lakini wazazi ni wawili, na kisa hiki kinaniuliza kwa nini neno la mmoja ndilo linalofungua mlango.

Ni haki pia kuiona filamu katika ukoo wake. Kwa miongo mingi wapenzi wa sinema ya Kihindi waliobanwa na familia walikuwa na njia ya kukimbia. Katika Bobby ya mwaka 1973 walikimbia hadi wakajitupa majini na baba zao wakawaokoa. Katika Ek Duuje Ke Liye, 1981, na Qayamat Se Qayamat Tak, 1988, walikufa. Kwa hiyo Raj alipokataa kukimbia, mtazamaji wa mwaka 1995 aliona jambo jipya: kijana anayebaki na kuwakabili wazee kwa subira. Kuna na upande wa ugenini. Purab Aur Paschim ya mwaka 1970 ilimchora Mhindi wa London kama mtu aliyepotea, wa kurudishwa kwenye asili. Raj amekulia Uingereza, anakunywa bia, anacheza na wasichana, na bado anasema yeye ni Mhindi na anajua heshima ya msichana wa Kihindi ni nini. Familia za ughaibuni zilizoogopa kwamba watoto wao hawatakuwa tena watoto wao ziliambiwa kwamba inawezekana. Zilihitaji kuambiwa hivyo, na sizilaumu.

Njia ya Raj na waliolipa

Lakini Raj hawakabili wazee. Anaingia nyumbani kwa hila. Anajifanya rafiki wa Kuljeet na mfanyabiashara anayetaka kufungua kiwanda Punjab, anasaidia wanawake jikoni na katika uchaguzi wa nguo, anawalisha njiwa pamoja na Baldev asubuhi. Siku ya Karva Chauth, ambayo wanawake hufunga kwa ajili ya waume zao hadi mwezi uonekane, Simran anajifanya kuzirai ili maji ya kufungulia ayapokee kwa Raj na si kwa Kuljeet. Ni matukio matamu na nayapenda. Ila ni uongo wa wiki nzima ndani ya nyumba ya watu waliomkaribisha, na yumo mmoja ninayemwonea huruma sana: Preeti, dada wa Kuljeet. Msichana huyu anampenda mgeni, familia inaanza kumhesabu Raj kama mchumba wake, na Raj haukati uvumi kwa sababu unamsaidia kukaa karibu na Simran. Filamu inalifanya jambo hilo la kuchekesha na kumwacha Preeti pembeni bila hata neno la pole. Kama kosa la Baldev ni kumtumia msichana kutimiza jambo lake na wanaume wengine, Raj naye amefanya hivyo kidogo.

Tena filamu inajirahisishia mambo kwa Kuljeet. Ni mtu wa bunduki na kiburi, na hakuna mtazamaji anayetaka Simran aishi naye. Nilitamani mara nyingi angekuwa kijana mwema, mpole, anayemngoja kwa heshima mchumba aliyeahidiwa tangu utotoni. Hapo ndipo tungelazimika kusema waziwazi kwamba Simran ana haki ya kumkataa hata mtu mwema, kwa sababu hakumchagua. Kuljeet mbaya anatuondolea swali hilo. Baldev anaweza kubadili nia kwa kuwa amegundua kijana hafai, na ahadi yenyewe isiguswe.

Hila inagunduliwa kwa picha ya Raj na Simran wakiwa Ulaya, na Baldev anampiga Raj makofi mbele ya wote. Raj hajitetei. Anasema mapenzi peke yake si kila kitu, kwamba waliotupa uhai na upendo hatuna haki ya kujenga furaha yetu juu ya huzuni yao, na anamrudisha Simran kwa baba yake kwa mkono wake mwenyewe. Maneno hayo yamewatoa watu machozi, na yananitoa mimi. Lakini mtazame Simran. Mkono wake umetoka kwa baba ukaenda kwa Raj, na sasa unarudi kwa baba, na hakuna aliyemuuliza.

Kituo cha treni ndipo anapojisemea mwenyewe. Raj ameshapigana na Kuljeet na wenzake, uso umevimba na kujaa damu, treni inaanza kuondoka, naye amesimama mlangoni. Baldev amemshika Simran kifundo cha mkono. Simran analia, anamwomba babuji, yaani baba, amwachie, anasema hawezi kuishi bila Raj. Haombi tena mwezi. Ni mara ya kwanza anamwambia baba yake anachokitaka bila kupitia kwa mama, bila dua ya alfajiri ya kumlainisha, na kwa sauti ya kusikika. Baldev anautazama mkono alioushika, anamtazama kijana, kisha vidole vinalegea: nenda Simran, nenda ukaishi maisha yako, hakuna atakayekupenda kuliko kijana huyu.

Wengi wanasema subira ya Raj ndiyo iliyomshinda Baldev. Sikatai kwamba imo: ameona kijana anapigwa na hajibu, anaondoka bila kuiba kitu. Lakini subira hiyo ilikuwa imekwisha kufika mwisho wake, Raj alikuwa anaondoka mikono mitupu. Kilichoongezeka pale kituoni ni sauti ya Simran, na safari hii Baldev hakuisikia kama haya. Yule baba wa siku ya barua alimwona binti yake akiumia akaita utamaduni. Huyu wa kituoni ameona maumivu akayaita maumivu. Kwangu mimi huyo ndiye mtu aliyebadilika katika filamu hii, na Amrish Puri anatuonyesha kubadilika huko kwa mkono mmoja na uso ambao hautafuti kuonewa huruma. Hata hivyo angeweza kuisikia sauti hiyo London, siku alipokuwa amesimama mlangoni akimsikiliza binti yake akimweleza mama yake. Asingehama nchi. Lajjo asingelazimika kutoa vito. Preeti asingepewa matumaini ya uongo.

Treni inaondoka na filamu inaisha. Nyuma yake kuna jambo ambalo Aditya Chopra hakulionyesha, nami naona lilistahili hata dakika 5 katika zile 189: mazungumzo ya Baldev na Ajit. Ajit hakuwa mbaya. Aliandika barua kwa rafiki aliyeamini kwamba neno lake halivunjiki, akaandaa harusi, akakaribisha watu, akampokea Raj nyumbani, na sasa ana mwana aliyepigwa, binti aliyevunjwa moyo na harusi isiyo na bibi. Anastahili kuambiwa ana kwa ana na mtu aliyemwahidi. Baldev anapaswa kwenda kwake, akae chini, amwambie: nilikuahidi kisichokuwa changu, nisamehe. Asimsingizie Kuljeet, asimtupie lawama Simran wala Raj. Na Lajjo awe amekaa pale pale karibu naye, asikie mumewe akiyasema.